Mke wa Kaka

Mwaka 1868 nyumba kubwa ya akina Tagore, mtaa wa Jorasanko mjini Kolkata, ilimpokea bibi harusi wa miaka 9 hivi. Baba yake alikuwa mwajiriwa wa nyumba hiyohiyo, kwa hiyo binti hakutoka mbali. Alihama tu kutoka upande wa wanaotumwa akaingia upande wa wanaotuma. Humo ndani wakampa jina la Kadambari. Mumewe, Jyotirindranath, alikuwa na miaka 19: mtunzi wa michezo ya jukwaani, mpiga piano, kijana wa mipango mingi na shughuli zisizokwisha. Nyumba ilijaa watu, na miongoni mwao alikuwamo mdogo wa mume, Rabindranath, mtoto wa miaka 7.

Wakakua pamoja. Mama mzazi wa Rabindranath alipofariki mwaka 1875, aliyebaki kumwangalia kijana, kumlisha na kumsikiliza akisoma mashairi yake ya mwanzo ni huyo shemeji aliyempita miaka miwili tu. Hakuwa mwepesi wa sifa. Alimcheka pale shairi lilipolegea. Kijana naye vitabu vyake kadhaa aliviandika kwa heshima yake. Desemba 1883 Rabindranath akaozwa. Aprili 1884, miezi minne baadaye, Kadambari alikula kasumba akafa, miaka 25 hajatimiza. Familia ikafunga mdomo, na Kolkata imekuwa ikinong'ona tangu siku hiyo.

Minong'ono hiyo si kazi yangu. Kinachonivuta ni kwamba miaka 141 baadaye, Julai 2025, serikali ya India ilipozifungia kwa mkupuo mmoja programu 25 za tamthilia za mtandaoni kwa kosa la uchafu, mmoja wa wanawake waliouzwa sana ndani ya programu hizo alikuwa mtu wa cheo kilekile: bhabhi kwa Wahindi wa kaskazini, boudi kwa Wabengali, mke wa kaka. Kutoka kwa Kadambari hadi kwenye programu hizo ipo njia moja ndefu, ingawa wanaolalamikia maadili husimulia kana kwamba mambo yalianza siku bei ya bando iliposhuka.

Yalianza na mpangilio wa nyumba. Katika ukoo unaokaa pamoja, hasa kaskazini mwa India, mwanamke anayeolewa huingia kama mgeni kati ya wenyeji. Mbele ya baba mkwe na mashemeji wakubwa huvuta upindo wa sari akafunika uso. Haongei nao, na akipita mmoja wao husimama pembeni. Mumewe huenda amempita miaka mingi, na mchana kutwa hayupo. Mama mkwe ana funguo. Mwanamume mmoja tu ndiye anayeruhusiwa kumtania, kumletea vitu vya sokoni, kumpokelea barua, na kukaa naye akiwa uso wazi: mdogo wa mume. Kwa ndoa za enzi zile, huyo mdogo ndiye aliyekuwa rika lake. Hapakuhitajika shetani yeyote kuingia nyumbani. Ukuta wenyewe ulikuwa umewaweka chumba kimoja.

Wenye sheria waliliona hilo mapema. Kitabu cha Manu kinasema mke wa kaka mkubwa ni kwa mdogo kama mke wa mwalimu wake, na mke wa mdogo ni kwa mkubwa kama mkaza mwana. Mtu hawekewi amri kama hiyo kuhusu jambo lisilowezekana. Utenzi wa Ramayana nao una tukio ambalo kila bibi wa Kihindi analijua: Sita, mke wa Rama, ametekwa, mapambo yake yameokotwa njiani, Rama anamwonyesha mdogo wake Lakshmana ayatambue. Lakshmana anasema bangili haijui, hereni hazijui. Anazijua njuga za miguuni tu, kwa kuwa kila siku alikuwa akiinama kumsalimia shemeji miguuni. Miaka yote waliyokaa pamoja msituni hakuinua macho. Sifa hiyo imebebeshwa mashemeji wa India vizazi na vizazi.

Utenzi mwingine, Mahabharata, hauna aibu hiyo. Mfalme Vichitravirya amekufa bila mtoto, ameacha wajane wawili, Ambika na Ambalika. Mama mkwe wao, Satyavati, anamwendea kwanza Bhishma, kaka wa kambo wa marehemu. Bhishma amekula kiapo cha useja, anakataa. Ndipo anamwita Vyasa, mtoto aliyemzaa yeye mwenyewe kabla ya ndoa, aje aingie kwa wajane. Vyasa ametoka msituni, nywele zimesokotana, anatisha. Ambika anafumba macho, na mtoto wake anazaliwa kipofu. Ambalika anapauka kwa hofu, na wa kwake anazaliwa amepauka. Vita yote ya ukoo inatokana na watoto hao wawili. Desturi yenyewe ilikuwa na jina, niyoga, na Manu huyohuyo anairuhusu katika beti chache kisha anailaani katika beti zinazofuata, kama mzee wa baraza aliyebadili mawazo katikati ya hotuba. Wajane hakuna aliyewauliza. Ila msimuliaji amekumbuka kutuambia kwamba mmoja alifumba macho, na kwa simulizi la zamani namna hiyo si haba.

Na siku moja kwa mwaka kifuniko hufunuliwa. Haryana, wakati wa sikukuu ya Holi, mke wa kaka hushika upande wa nguo uliosokotwa kama mjeledi akamchapa shemeji yake uwanjani, naye humrushia maji na rangi, ukoo mzima ukishangilia. Baldeo, karibu na Mathura, siku moja baada ya Holi, wanawake wa ukoo wa makuhani wa hekalu la Dauji huwachania wanaume mashati na kuwatandika kwa vitambaa hivyohivyo vilivyolowa. Msomaji wa pwani yetu hatashangaa sana; utani wa shemeji anaujua, na anajua pia kwamba watu hutaniana palepale ambapo jambo lingeweza kuwa zito.

Mwaka 1901 Rabindranath, sasa mtu wa miaka 40, alichapisha katika jarida la Bharati hadithi ndefu iitwayo Nashtanirh, yaani kiota kilichovunjika. Bhupati ni tajiri anayeendesha gazeti la siasa. Mkewe Charu hana mtoto wala kazi. Amal, binamu mdogo wa mume, anakaa nao akisoma. Charu na Amal wanapanga bustani ambayo haitalimwa kamwe, kisha wanaanza kuandika. Mume anafurahi kwamba mke amepata mwenzake wa kuzungumza naye. Hakuna anayemshika mwenzake mkono. Amal anapoelewa kinachotokea, anakubali kuozwa na kupelekwa Uingereza, na Charu anabaki na msiba asioweza kuulilia mbele ya mtu.

Satyajit Ray aliitengenezea filamu mwaka 1964, Charulata, ikampa tuzo ya mwongozaji bora Berlin mwaka uliofuata. Dakika zake za mwanzo zinastahili kutazamwa na kila anayetaka kuandika juu ya ndoa. Madhabi Mukherjee, katika nafasi ya Charu, anadarizi herufi B kwenye leso ya mumewe. Anachoka. Anachukua darubini ndogo ya macho mawili, ile ya kutazamia maigizo, anakwenda dirisha hadi dirisha akiwatazama wapita njia kupitia vipande vya mbao: mnene mwenye mwavuli, wabeba machela. Kisha mumewe anapita ukumbini akisoma kitabu, anampita mkewe karibu kabisa asimwone. Charu anainua darubini akamtazama mgongo, hatua chache tu kutoka aliposimama, kama anavyotazamwa mtu wa mtaa wa pili. Baadaye, bustanini kwenye bembea, darubini hiyohiyo inamwangukia Amal aliyelala kifudifudi akiandika, ikapanda hadi dirisha la jirani na kumkuta mwanamke aliyebeba mtoto, ikarudi kwa Amal. Hakuna neno lililosemwa, na mtazamaji ameshajua kila kitu, tena amekijua wakati uleule Charu anapokijua.

Filamu nzima iko mikononi mwa mwenye darubini. Kwangu hicho ndicho kipimo cha yote yaliyofuata: katika hadithi ya mke wa kaka, anayetazama ni nani?

Mbali na majumba ya Kolkata, huko Punjab na Haryana, jambo lilikuwa la shamba zaidi kuliko la moyo. Kwa wakulima wa Kijati na wengine, kaka akifa, mdogo wake humfunika mjane shuka mbele ya wazee, na hiyo ndiyo ndoa. Wanaiita karewa au chadar. Mwanahistoria Prem Chowdhry ameonyesha jinsi maofisa wa Kiingereza walivyoiandika desturi hiyo kuwa sheria ya kimila na mahakama zikaitetea. Mjane alikuwa na haki ya kutumia ardhi ya marehemu maisha yake yote. Akiolewa na shemeji, ardhi inabaki mle mle, na kodi inalipwa. Waliokataa walipelekwa mahakamani, na wengi walishindwa. Kurithi wajane si habari ngeni Afrika Mashariki, na mwenye kujua jinsi mambo hayo yanavyoendeshwa na wazee wa ukoo hatahitaji maelezo zaidi.

Rajinder Singh Bedi aliandika kisa hicho kwa Kiurdu mwaka 1962, Ek Chadar Maili Si. Rano ni mke wa mwendesha gari la farasi, mume anauawa, wazee wa kijiji wanaamua aolewe na Mangal, shemeji aliyemlea mwenyewe tangu akiwa mdogo. Mangal anapigwa hadi anakubali. Rano anapigania tu asifukuzwe pamoja na watoto wake. Hapa mwiko umegeuzwa juu chini: kile ambacho Jorasanko hakikutajika, huku kinaamriwa na baraza, na wa kwanza kuona aibu ni wale wawili wanaofunikwa shuka. Pakistan ilikitengenezea filamu mwaka 1978, India mwaka 1986 na Hema Malini kuwa Rano.

Sinema ya Bombay kwa jumla ilichagua njia ya Lakshmana. Kilele chake ni Hum Aapke Hain Koun ya mwaka 1994, ambayo wengi wetu tuliitazama kwa kanda za video zilizokwisha kuchujuka rangi. Bhabhi pale ni mama wa pili, mchekeshaji, mtunza siri za shemeji yake, na anakufa kwa kuanguka ngazi ili familia iwe na msiba wa kuitakasa. Wazee wanaamua mdogo wake aolewe na mjane alee mtoto, bila kujua kwamba binti anampenda shemeji mdogo. Anayewaokoa ni mbwa wa nyumbani aliyebeba barua. Katika saa tatu na zaidi za arusi na nyimbo hakuna jicho linalokwenda pasipostahili.

Waliotazama upande wa pili walilipia. Ismat Chughtai alichapisha hadithi fupi Lihaaf mwaka 1942: mke wa tajiri ambaye mumewe hamtaki, kijakazi wake, na mtoto anayeona kivuli cha mfarishi kikitikisika ukutani usiku. Akashtakiwa Lahore kwa uchafu. Katika usikilizaji, katikati ya miaka ya 1940, mashahidi walitakiwa wanyooshe kidole kwenye neno chafu, wakahangaika na kurasa bila kulipata, na kesi ikaanguka.

Nusu karne baadaye Deepa Mehta akawaweka wake wawili wa ndugu wawili katika nyumba moja ya Delhi, akawaita Radha na Sita. Filamu yake, Fire ya 1996, ilipita bodi ya udhibiti bila kukatwa. Kwa nakala ya Kihindi kilichobadilishwa ni jina la Sita tu. Tarehe 2 Desemba 1998 wafuasi wa chama cha Shiv Sena walivamia ukumbi huko Goregaon, Mumbai, kesho yake Regal ya Delhi, wakavunja vioo wakachana mabango. Filamu ikarudishwa kwa bodi, na Februari 1999 ikatoka tena nzima. Kelele zote zilikuwa juu ya mapenzi ya wale wanawake wawili. Mimi hukumbuka zaidi kona nyingine ya nyumba hiyo. Familia ina mgahawa wa chakula cha kubeba na, pembeni yake, duka la kukodisha video; kanda za ngono hutolewa chini ya meza. Mtumishi, Mundu, ameachiwa kazi ya kumwangalia bibi mzee aliyepooza na asiyeweza kusema. Wengine wakitoka, Mundu huweka kanda hizo kwenye televisheni ya sebuleni, mbele ya bibi, ambaye silaha yake pekee ni kengele mkononi. Anaipiga kwa hasira, na mtu hayupo. Mehta alikuwa amekwisha kuonyesha picha hizo zinakaa wapi: sebuleni, katikati ya heshima, zikingoja watu watoke.

Sebule yenyewe ilikuwa inabadilika. Tamthilia za televisheni ya taifa zilianza Julai 1984 na Hum Log, familia ya tabaka la kati iliyoandikwa na Manohar Shyam Joshi kwa mfano wa tamthilia za Mexico, lengo likiwa uzazi wa mpango; mwisho wa kila sehemu mwigizaji mkongwe Ashok Kumar alitokea kutoa nasaha. Tarehe 3 Julai 2000 Star Plus ikaanza Kyunki Saas Bhi Kabhi Bahu Thi ya Ekta Kapoor, iliyodumu miaka minane na sehemu zaidi ya 1,800. Jumba la akina Virani liliitwa Shantiniketan, jina la mahali pa Tagore, kana kwamba mtu alitaka kutania. Tulsi, mkaza mwana asiyekosea, aliigizwa na Smriti Irani. Afrika Mashariki tunawajua ndugu wa tamthilia hiyo kwa sauti za Kiswahili walizotiwa: sari nzito asubuhi na mapema, jicho likivutwa mara tatu kwa ngurumo, mume aliyekufa akarudi na uso mwingine. Zinaa, watoto wa nje na ndoa za siri zilikuwa zimejaa humo. Sharti lilikuwa kwamba kila jambo liletwe mbele ya mama mkwe na kuhukumiwa, na mwili usionekane.

Mwili ulikuwa unauzwa kwingine. Vituo vya reli na vijia vya miji ya kaskazini vilikuwa na vijitabu vya bei poa vya mwandishi aliyejificha nyuma ya jina Mastram, na humo bhabhi alikuwa mtu wa kudumu. Machi 2008, mwaka uleule Tulsi alipostaafu, akaja kwenye intaneti Savita Bhabhi: katuni ya mke wa nyumbani mwenye sari na mkufu wa ndoa, ambaye mume yuko kazini daima. Mchapishaji alijiita Deshmukh. Baadaye akajitokeza kuwa mfanyabiashara wa asili ya India aliyeko Uingereza. Juni 2009 serikali ikaifungia tovuti. Magazeti yenye heshima, yaliyokuwa hayawezi kuitaja, sasa yalipata sababu ya kuitaja kila wiki. Miaka sita baada ya hapo kituo cha &TV kilianza kurusha Bhabhi Ji Ghar Par Hain!, vichekesho vya majirani wawili wa Kanpur, kila mmoja akimtamani mke wa mwenzake, na familia ikakaa chini kutazama pamoja. Bhabhi alikuwa amerudi sebuleni kwa mlango wa kicheko, ulioruhusiwa tangu Holi.

Septemba 2016 kampuni ya Jio iliingia sokoni na data ya bure, kisha ya bei ya chini mno, na katika muda mfupi vijana wa vijiji vya Bihar na Uttar Pradesh walikuwa na kile ambacho Mundu alikisubiri watu watoke: skrini ya mtu mmoja, na vya kuziba masikioni. Aprili 2017 Balaji Telefilms, kampuni ya Ekta Kapoor na mama yake iliyotengeneza Kyunki, ilizindua programu ya ALTBalaji. Septemba mwaka huo Kolkata ikapata Hoichoi, na tamthilia yake iliyovuma mapema iliitwa Dupur Thakurpo, mashemeji wa mchana: vijana wapangaji na boudi wa nyumba. Mji uleule wa Charu. Mei 2018 ALTBalaji ikaanza Gandii Baat, visa vya ngono vya vijijini. Mwezi huohuo Smriti Irani, sasa mwanasiasa, aliondoka kwenye uwaziri wa habari na utangazaji. Wizara hiyo haikuwa na mamlaka juu ya tamthilia za mtandaoni hadi Novemba 2020. Desemba 2018 ikaja Ullu ya Vibhu Agarwal, na nyuma yake msururu wa programu ndogo ambazo majina yake hata mashabiki hawayakumbuki.

Ukizitazama chache utaona upesi zinavyoundwa. Nyumba moja, waigizaji watano au sita, vipande vifupi, na kisa hukatwa katikati ili mtu alipie sehemu ya pili. Wahusika hawana majina ya kukumbukwa kwa sababu wana vyeo: bhabhi, shemeji, mama mkwe, baba mkwe mjane, mume aliyepata kazi Dubai au Mumbai, mpangaji, mwalimu wa ziada. Mtunzi hahitaji kueleza historia ya mtu, ukoo umeshamwelezea. Katika miaka hii ya waume wanaosafiri kutafuta riziki, mume asiyekuwapo si uwongo: wilaya nzima za Bihar zina nyumba ambazo mwanamume huonekana wakati wa sikukuu tu. Kungekuwa na hadithi ya kweli hapo. Lakini kamera imesimama nyuma ya mlango ulioachwa wazi kidogo, pamoja na shemeji, ikichungulia. Bhabhi wa programu anatazamwa tu. Yeye hapewi dirisha. Hilo ndilo nililonalo dhidi ya tamthilia hizi, na halihusiani na nguo zilizovuliwa. Kosa la ufundi limekuwa pia kosa la huruma.

Ushahidi kwamba mambo yangeweza kwenda vingine ulitoka mwaka uleule wa Ullu. Mirzapur ya Amazon, Novemba 2018, ni hadithi ya majambazi, haina haya wala adabu. Beena, mke kijana wa bwana mkubwa, aliyeigizwa na Rasika Dugal, ana uhusiano na mtumishi. Baba mkwe, mzee wa kiti cha magurudumu, anamgundua na kumlazimisha kwa nguvu. Ni mwiko mzito kuliko wowote wa Ullu. Tofauti ni kwamba baada ya tukio tunabaki na Beena, na uso wake ukihesabu. Katika msimu wa pili, mwaka 2020, anamuua mzee kwa mkono wake.

Septemba 2018, kati ya Gandii Baat na Mirzapur, Mahakama ya Juu ya India ilifuta kifungu cha 497 cha sheria ya mwaka 1860, kilichofanya uzinzi kuwa jinai dhidi ya mume, kana kwamba kaibiwa ng'ombe. Mume akiridhia, kosa halikuwapo. Jaji Mkuu Dipak Misra alieleza kwamba mume si bwana wa mke. Mahakama hiyohiyo, Oktoba 2022, ilimkemea Ekta Kapoor kwamba anachafua akili za vijana, kwa tamthilia nyingine iliyohusu mke wa askari na iliyomletea kesi Begusarai, Bihar. Wakili wake alijibu kwamba watazamaji hulipia na wana hiari ya kuchagua.

Machi 2024 wizara ya habari na utangazaji ilifungia majukwaa 18 ya namna hiyo. Tangazo lake lilitaja mahusiano haramu ya kifamilia miongoni mwa makosa, na likajisaliti kwa takwimu: moja ya programu hizo ilikuwa imepakuliwa zaidi ya mara milioni 10, na nyingine mbili zaidi ya milioni 5 kila moja. Miongoni mwa sheria zilizotajwa ni ile ya mwaka 1986 inayokataza kuwaonyesha wanawake kwa namna isiyo ya staha. Staha ya nani, sheria haikusema. Hata filamu ya Mehta ilishambuliwa kwa ajili ya staha ya wanawake.

Kisha ikaja Julai 2025. Zamu hii waliokumbwa ni pamoja na wakubwa, Ullu na ALTT, jina jipya la ALTBalaji. Ekta Kapoor na mama yake walisema hawana uhusiano wowote na ALTT tangu Juni 2021. Serikali ilieleza kwamba majukwaa matano kati ya yale ya mwaka 2024 yalikuwa yamesharudi kwa anwani mpya za tovuti. Siku chache tu baada ya tangazo hilo, tarehe 29 Julai, Star Plus ikairudisha hewani Kyunki Saas Bhi Kabhi Bahu Thi, mtayarishaji ni Ekta Kapoor, na Tulsi ni waziri wa zamani mwenyewe, safari hii akiwa na wakaza mwana wa kuwalinda.